Mwenye Nyavu na Ukanda wa Sheshe

Juzi, hapa Ifakara, nilimsikia kijana mmoja aliyetoka shule akiwaeleza wenzake kwamba sheshe, wale swala wa bonde hili, walimalizwa na nyavu za babu zetu. Alikuwa anatafuna muwa huku akisema, bila wasiwasi wowote. Nikautua mtungi wangu chini nikamwuliza, "Wewe mtoto, nani kakwambia?" Akasema ndivyo walivyofundishwa. Nikamwuliza kama huyo aliyemfundisha aliwahi kumwona mtu aliyezitunza hizo nyavu. Akacheka, wenzake nao wakacheka, nikaachwa na mtungi wangu njiani. Masista walinifundisha kuandika, na kwa miaka mingi sikujua kazi hiyo itanifaa nini. Sasa najua.

Mimi nilimjua. Nilikuwa jirani yake kule Mofu, kijiji cha kando ya mto, tangu sijaota meno ya pili, na ua wetu na wake ulikuwa mmoja kwa jinsi kuku walivyozoea kupita. Watu wote walimwita Mwenye Nyavu, nami nitamwita hivyo hivyo. Alizaliwa wapi, na ukoo wake ulishuka kutoka mlima gani, hayo waulizwe wanaopenda kuhesabu mababu.

Tafadhali asiniletee mtu picha ya mzee mtakatifu. Mwenye Nyavu alikuwa mlafi. Nyama ikigawanywa yeye ndiye aliyeshika kisu, na kila mara kisu chake kilipotea njia kuelekea paja. Mkewe, ambaye sisi sote tulimwita Bibi, alikuwa akimwambia mbele za watu, "Mume wangu, hilo paja limekukosea nini hata ulifuate hivyo?" Naye hucheka mpaka ugoro unamtoka puani. Tena alikuwa mwoga wa mamba. Mtu wa kando ya mto, lakini akipanda mtumbwi hukaa katikati kabisa, magoti ameyabana, na kumtukana mpiga kafi mpaka wafike ng'ambo. Kulikuwa na mpiga kafi mmoja, mtu mrefu mwenye kovu shavuni, ambaye alitukanwa hivyo miaka nenda miaka rudi. Alikuwa akiuyumbisha mtumbwi makusudi ili ayasikie matusi mapya.

Mimi alinitania kama babu anavyomtania mjukuu wa kike. "Mke wangu mdogo, umenipikia nini leo? Huyu mkubwa amechoka."

"Shikamoo kwanza, babu. Chakula baadaye."

"Marahaba. Mke mwenye adabu hashibishi, lakini nitafanyaje."

Nyavu zenyewe hazikuwa zake. Kila nyumba ya Mofu ilisokota kamba zake za magome, ikafuma kipande chake, na vipande vikaunganishwa kuwa wavu mmoja mrefu wa kuzungushia mbuga wakati wa kusaka. Zilikaa kwake kwa sababu nyumba yake ilikuwa ya mwisho kabla ya mbuga, na nyuma ya ua wake palikuwa na kichuguu. Kichuguu hicho ndicho kilichokuwa kipimo chetu. Masika yakikolea mto hutoka katika kingo zake, hutambaa kwenye matete, humeza mbuga polepole, na siku maji yalipogusa mguu wa kichuguu, Mwenye Nyavu alipanda juu yake akapiga kelele: "Maji yametoka!"

Basi. Nyavu zilikunjwa zikapandishwa darini juu ya moshi, mbwa wakafungwa, na hakuna aliyeelekea kwa sheshe hata na mkuki mmoja. Tulisema nyavu zimelala. Zililala mpaka maji yarudi mtoni na udongo wa mguu wa kichuguu ukauke na kupasuka. Ndipo alipopanda tena kutuamsha, na hapo ulafi wake ukapewa nafasi. Mtu akiniuliza adhabu ya kuvunja mwiko huo ilikuwa nini, nitamjibu kwamba sijui. Sikumbuki kusikia kwamba ilikuwapo.

Asiyelijua bonde letu inafaa aelezwe sheshe ni nani. Ni swala mwekundu, mnene kidogo, dume lake lina pembe zilizojikunja na hupiga mluzi anapoona hatari au mpinzani. Juu kwenye miombo hawezi kuishi, majani ya huko ni makavu kwake na simba wana pa kujificha. Kwenye matete ndani ya maji hawezi kuishi pia. Mahali pake ni pale katikati tu, kwenye majani mafupi mabichi yanayoachwa na maji. Kiangazi mahali hapo ni papana, mbuga nzima, ukitazama huoni mwisho. Masika maji yanamsukuma juu na msitu unamzuia, na ile nafasi inabaki kuwa ukanda mwembamba. Mtu akisimama upande wa maji akaita, wa upande wa msitu anaitikia bila kupaza sauti. Sheshe wote wa upande wetu walibanana pale, majike yenye mimba na watoto na madume yaliyosahau ugomvi. Hata sisi tuliokuwa wasichana wa kuchota maji tungeweza kuwaua. Ndiyo maana nyavu zililala.

Yeye mwenyewe alijaribu siku moja kumtoa sheshe katika ukanda. Mwindaji mmoja alimletea ndama aliyeachwa na mama yake, na Mwenye Nyavu akampenda. Akamfunga kamba laini karibu na jiko la Bibi. Kila asubuhi alikwenda kumkatia majani ya kule kule, yangali na umande, akayabeba kichwani kama mwanamke, na watu wakamcheka. Ndama alikula, akakonda. Alikula zaidi, akakonda zaidi. Alipokufa Mwenye Nyavu alikaa mlangoni siku nzima, na nilipomwamkia aliitikia kwa sauti ndogo.

"Nilimletea majani," akasema. "Kupaleta mahali penyewe sikuweza."

Sasa nifike kwa Bwana wa kituo. 

Wadachi walikuwa wameshajenga boma Mahenge na kituo hapa Ifakara. Masika moja Bwana huyo alikuja Mofu kwa mitumbwi, na askari, na wageni wake wazungu waliovaa kofia kubwa. Akauliza kwa kinywa cha askari: sheshe wanakaa wapi? Hapo Mwenye Nyavu akafanya kosa ambalo mtu wa Mofu peke yake angeweza kulifanya. Aliwaonyesha. Maji yalikuwa yametoka, nyavu zimelala, na katika akili yake hapakuwa na kiumbe duniani ambaye angeua sheshe wakati kama huo. Aliwachukua wale wageni kama unavyomchukua mgeni ndani kumwonyesha mtoto mchanga aliyelala. Alikaa katikati ya mtumbwi, magoti ameyabana, akimtukana mpiga kafi kwa furaha. Walipofika ukandani akaanza kuwaelezea: yule dume wa pembe iliyovunjika, yule jike asiyezaa, wale mapacha.

Mzungu wa kwanza akapiga risasi.

Mpiga kafi ndiye aliyetusimulia, mara nyingi, na kila mara kwa maneno yale yale. Mwenye Nyavu hakukasirika mwanzoni. Alidhani mgeni amekosea, hajaona. Alimkimbilia Bwana akaonyesha maji kwa mikono miwili: "Bwana, maji yametoka! Maji yametoka!" Askari akatafsiri. Bwana akatabasamu, akainua mguu, akajibu jambo. Askari akasema, "Bwana anakwambia usiwe na shaka, viatu vyake ni virefu."

Waliendelea mpaka walipochoka. Wanyama hawakuwa na pa kukimbilia, walikwenda huku na huko katika ukanda ule ule. Wazungu wakachukua vichwa vya madume na ngozi nzuri, wakaiacha nyama pale, mizigo ilikuwa mizito. Harufu ilitufikia nyumbani. Tai walitua mpaka juu ya kichuguu. Na yule mlafi, ambaye kisu chake hakikujua njia nyingine ila ya paja, hakuleta nyumbani hata kipande. Bibi alimwekea chakula, akakitoa, akakiweka tena. Alituambia sisi wanawake wa jirani, "Huyu anaumwa mahali ambapo sina dawa yake."

Nasema wazi: watu hao waliua wengi kwa siku chache kuliko nyavu zetu kwa miaka, waliua majike yenye mimba mahali pasipo na pa kukimbilia, wakaiacha nyama ioze mbele ya watu wanaokula nyama, na leo mtoto wetu wa shule anaambiwa mwenye kosa ni babu yake. Nikitafuta neno la adabu la kuliita jambo hilo silipati.

Habari za dawa ya maji zilipokuja bondeni, kwamba risasi za wazungu zitageuka maji, Mwenye Nyavu alikuwa miongoni mwa wa kwanza kwenda kunyunyiziwa. Wengine walikwenda kwa sababu ya kodi, wengine kwa sababu ya pamba na viboko. Yeye alipoulizwa alisema, "Mimi nakwenda kwa sababu ya ile nyama." Alirudi. Wengi hawakurudi, na sitawataja, maana nikianza kuwataja karatasi haitatosha.

Kilichokuja baada ya vita kilikuwa kibaya kuliko vita. Askari walipita kijiji kwa kijiji wakichoma vihenge. Mpunga wetu uliwaka ukitoa harufu ya kupikwa, na sisi tumesimama na njaa tukiinusa. Walichoma na mbegu. Kisha masika yakaja, mto ukatoka kama kwamba hakuna kilichotokea, na Mwenye Nyavu, amekonda mbavu zinahesabika, akapanda kichuguu akapiga kelele yake.

Siku ile mama yangu alikwenda kwake na wanawake wengine. Nilifuatana nao. Mdogo wangu wa kiume alikuwa mgongoni kwa mama, hana nguvu hata ya kulia.

"Toa nyavu," mama akasema.

"Zimelala, mwanangu."

"Ziamshe! Watoto wanakufa, wewe unalinda wanyama?"

"Wamebaki wachache. Wamebanwa pale. Tukiingia sasa tutawala wote kabla mwezi haujaandama. Halafu?"

"Halafu tutakuwa hai!"

Alisimama mlangoni pake. Mlango wa nyumba yake haukuwa na komeo, na yeye alikuwa mtu ambaye mama peke yake angeweza kumsukuma akaanguka. Wanawake walisimama wakautazama ule mlango. Hakuna aliyeingia. Mama alitema mate chini, tukarudi.

Kesho yake mwoga wa mamba aliingia majini. Alikwenda na migono, ile mitego ya kusuka ya samaki, akasimama maji ya kifuani asubuhi mpaka jua la mchana, akitega na kutegua, akipiga mbizi kung'oa mizizi ya yungiyungi. Alikuwa anatetemeka kwa hofu hata ukiwa ufukoni unamwona. Kambale aliowapata aliwagawa mlango kwa mlango, na mara hii kisu chake hakikupotea njia. Mama aliwapokea samaki wake bila kumsalimu. Tulikula. Mimi nilipona. Mdogo wangu hakupona.

Mpaka leo sijui nani alikuwa na haki, mama au yeye. Kuna siku namwonea uchungu, na kuna siku namwona mama akiwa na mzigo wake mgongoni na sitaki hata kulisikia jina la mnyama. Ninalolijua ni kwamba katika wale wawili hakuna aliyechoma vihenge. Waliwekwa wao kwa wao wagombane, na aliyewasha moto alikuwa kituoni anakula.

Nao wa kituoni ndio waliokuja kutuhukumu. Bwana alikuja, akaitisha shauri, akasema amesikitika kuona sheshe wamepungua mno. Alisema amesikitika! Akasema washenzi hawana akiba, wanamaliza wanyama kwa nyavu, kwa hiyo nyavu zitachomwa na watu wa Mofu watahamia kando ya barabara ya Ifakara, kwenye ardhi ya juu, wawe karibu na macho ya serikali. Kulima tutakwenda na kurudi. Ilikuwa masika. Askari walipanda darini kwa Mwenye Nyavu wakazivuta chini, zimekunjwa, zina masizi, na utando wa buibui juu yake. Kila mwenye macho angeona kwamba hazikuwa zimefanya lolote tangu mvua kuanza.

"Zimelala, Bwana," Mwenye Nyavu alisema. "Mbona mnazichoma zimelala?"

Magome makavu huwaka haraka. Wanawake walitazama vipande vya waume zao waliokufa vitani vikiungua, kila mmoja alikijua kipande cha nyumba yake.

Huku barabarani, karibu na mahali wanapopaita Kibaoni, tulipewa viwanja. Ardhi nzuri, walisema. Visima vilikuwa na maji, udongo uliota mahindi. Lakini watu wa mtoni walikonda huku wanakula. Bibi alikuwa wa kwanza katika mtaa wetu. Alikuwa hana ugonjwa wa kutajika, alikaa mlangoni akielekea upande wa mto mpaka akaacha kuinuka. Tulipomzika nilimfikiria yule ndama, na nilipomtazama Mwenye Nyavu nilijua kwamba naye alikuwa akimfikiria.

Miaka ikapita. Nikaolewa, nikazaa. Yeye akawa mzee wa kusokota kamba za kufungia mbuzi, maneno yamemwishia, utani pia. Kila niliporudi kutoka shambani Mofu aliniuliza neno moja tu: "Maji?" Nami humwambia yalipofika. Ilipokuwa masika moja nilikuta amekaa nje ya nyumba yangu, mimi nikiwa nimetoka mbugani siku hiyo hiyo.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Maji?"

"Yamegusa kichuguu."

Akanisogelea. "Na wao?"

"Nimewaona. Si wengi. Wamebanana kwenye ukanda. Dume mmoja alipiga mluzi."

Hapo akacheka, kicheko kile kile cha zamani, na ugoro ukamtoka. "Mke wangu mdogo," akasema, neno ambalo sikuwa nimelisikia tangu Bibi afe.

Bado anacheka tukasikia msafara. Alikuwa Bwana mpya wa kituo, amepanda punda, na mgeni wake, askari, masanduku ya risasi, na nyuma yao wapiga kafi waliochukuliwa kwa lazima, wote watu wa Mofu, wamebeba kafi begani. Walikuwa wanaelekea mtoni. Hakuna aliyehitaji kuuliza wanakwenda kufanya nini. Bwana mpya alikuwa ameambiwa na wa zamani kwamba wakati mzuri wa sheshe ni masika, hawakimbii mbali.

Mwenye Nyavu aliinuka. Barabarani hapakuwa na kichuguu. Alikishika kinu changu, akakipindua kitako juu, akapanda, mimi nikimshika kiuno asianguke.

"Maji yametoka!"

Sauti ilikuwa mbovu, lakini ilikuwa ile ile. Mpiga kafi wa mbele, yule mrefu mwenye kovu, ambaye sasa naye alikuwa na mvi, alisimama. Hakutazama upande wetu. Aliishusha kafi yake begani, akailaza chini katika vumbi, akakaa kando yake. Wa nyuma yake akailaza yake. Kisha wote.

Askari walianza na viboko pale pale. Bwana aliuliza kuna nini, askari akamjibu, "Wanasema maji yametoka, Bwana." Bwana akasema anajua, ndiyo maana amekuja. Wapiga kafi walipigwa, hakuna aliyeinuka, na hapakuwa na watu wengine wanaozijua njia za maji katika matete. Mwisho wakauliza ni nani aliyepiga kelele. Hawakuwa na haja ya kuuliza, alikuwa bado juu ya kinu. Walimlaza juu ya kinu kile kile, wakamchapa viboko. Mzee wa umri ule. Niliwekewa bunduki kifuani nisisogee.

Siku ile hawakwenda. Wapiga kafi walifungwa kituoni, mgeni alikasirika akarudi zake Mahenge, na mvua ikaendelea.

Nilimwingiza ndani nikamlaza kifudifudi, nikampaka mafuta mahali palipobaki pa kupaka. Baada ya muda akafumbua jicho moja.

"Wamekwenda?"

"Hawakwenda, babu."

Akavuta pumzi. Nilidhani amelala.

"Basi maji yakirudi," akasema, "unipikie paja. Lote. Usimgawie mtu."

Nikamwahidi. Maji yalirudi mtoni yeye akiwa kaburini. Nilikwenda Mofu nikaona mguu wa kichuguu umekauka na kupasuka, na sheshe wakishuka taratibu nyuma ya maji, ndama wakiwa katikati. Nilisimama pale kwa muda, nikangoja kama mjinga nisikie mtu akituamsha. Paja sikulipika, kwa sababu nyavu zilichomwa, na waliozichoma ndio walioandikwa walinzi wa sheshe.

Kijana wa muwa akipita tena hapa nyumbani, kinu kiko mlangoni. Nitamkalisha juu yake, kisha nitamsomea haya.